Patrick Steptoe, munganga wa Oldham

Zamani, mwanamuke ambaye mirija yake ya uzazi imeziba alipata jibu moja tu kwa waganga: rudi nyumbani, mama, hakuna dawa. Ile mirija ni njia mbili ndogo ndani ya tumbo. Yai la mama linapita humo, linakutana na mbegu ya baba. Njia ikifungwa, bibi na bwana wanaweza kuishi pamoja miaka 10 bila kupata mimba. Na sisi wote tunajua mama mukwe na mawifi wanasemaka nini hapo.

Mutu aliyekataa lile jibu ni Patrick Steptoe, Mwingereza. Alizaliwa tarehe 9 mwezi wa 6 mwaka 1913 mu jimbo la Oxford. Akiwa kijana alijua kinanda sana, mpaka akapigia watu muziki mu sinema, wakati ule sinema hazikuwa na sauti. Lakini akachagua kazi ya uganga, akasoma London, akamaliza mwaka 1939. Vita ikaanza. Akaingia munganga wa meli ya vita. Mwaka 1941 ndege za adui zikazamisha meli yake karibu na kisiwa cha Crete, yeye akaokolewa ndani ya maji na Waitaliano, wakamufunga. Mu gereza akasaidia wengine kutoroka, wakamutia peke yake mu chumba. Alitoka mwaka 1943, wakati wafungwa walibadilishwa.

Kisha vita, ku London nafasi za waganga wakubwa wa wanawake zilikuwa za kuhesabu. Basi mwaka 1951 akaenda Oldham, muji wa viwanda vya pamba upande wa kaskazini, muji wa watumikaji na moshi. Waganga wenye majina hawakuutamani. Yeye alibaki pale mpaka mwisho wa kazi yake ya serikali, na kule njo alikutana na wanawake wengi wenye kulia juu ya mutoto.

Shida ya kwanza ilikuwa kuona. Kusudi munganga ajue kama mirija imeziba, ilibidi apasue tumbo. Steptoe akasikia kama ku Paris kuna Raoul Palmer, munganga anayetazama ndani kwa njia nyingine. Akasafiri mpaka kwake, akajifunza. Ni hivi: unatoboa tundu dogo karibu na kitovu, unajaza tumbo hewa kidogo, unaingiza bomba jembamba lenye taa. Yule aliyeshuka ndani ya shimo na taa yake ku kichwa hatapata shida kuelewa ile kazi. Inaitwa laparoskopi. Waganga wengi wa Uingereza waliiona kama muchezo. Mwaka 1967 Steptoe akaandika kitabu juu yake.

Mwalimu mumoja wa Cambridge, Robert Edwards, alikuwa anatafuta mutu kama huyu. Edwards alijua kukomalisha yai la mwanamuke ndani ya sahani ya kioo, lakini hakuwa na njia nzuri ya kulitoa tumboni. Wakaanza kutumika pamoja mwaka 1968. Mwaka uliofuata wakatangaza kama yai la mutu limekutana na mbegu inje ya tumbo. Watu wanasema mutoto wa chupa, lakini chupa haimo: ni sahani ndogo, na yai halikai mule zaidi ya siku chache, kisha linarudishwa kwa mama yake.

Serikali iliombwa feza, mwaka 1971 ikakatalia. Watu wa dini wakasema ni kuingia kazi ya Mungu. Hata waganga wenzao wakasema watazaliwa watoto wenye kilema. Chumba chao cha kazi kikawa mu lopitali ndogo karibu na Oldham, inaitwa Kershaw. Edwards na Jean Purdy, muuguzi wake, walikuwa wanatoka Cambridge na gari, zaidi ya kilometa 200, wanarudi, wanatoka tena. Miaka karibu 10.

Tusimame hapa kidogo juu ya wanawake wenyewe, sababu wenye kuandika historia wanawapita mbio. Kati ya mwaka 1969 na 1978 walikuwa 282. Walitobolewa tumbo mara 457. Mimba zilishika 5 tu, na watoto waliozaliwa wazima wakawa 2. Mimba moja ilishika mahali pabaya, mu murija, ikabidi kuitoa. Wengi wa wale mamama walirudi nyumbani mikono mitupu, na majina yao hatuyajui.

Lesley Brown alitoka Bristol. Bwana yake alikuwa mutumikaji wa reli. Miaka 9 walitafuta mutoto, mirija ya Lesley ilikuwa imeharibika yote miwili. Mwezi wa 11 mwaka 1977 Steptoe alitoa yai moja, moja tu, bila dawa ya kuongeza mayai. Kusudi wajue saa yake walipima mukojo wa mama muchana na usiku. Kisha siku mbili Edwards na Jean wakaona yai limegawanyika, likarudishwa.

Jambo moja hatuwezi kulificha: Lesley alisema nyuma kama alizani watoto wengi wamekwisha kuzaliwa kwa njia ile. Hakujua kama yeye atakuwa wa kwanza. Kwetu, munganga mwenye roho nzuri vile alipaswa kumwelezea mpaka aelewe.

Wandishi wa magazeti wakazunguka lopitali. Mutu mumoja akadanganya kama kuna bomu, wagonjwa wakatolewa inje. Usiku wa tarehe 25 mwezi wa 7 mwaka 1978, kabla ya saa sita, Steptoe alimupasua Lesley kimya-kimya. Kamera ikapiga picha ya tumbo kwanza, kusudi kila mutu aone kama mirija haimo. Kisha mutoto mwanamuke akalia. Louise, kilo 2 na nusu na kidogo, muzima.

Ungezani serikali itampa Steptoe lopitali kubwa. Alikuwa amefika miaka 65: wakamupumzisha. Feza ya kuendelesha kazi, hapana. Wakatafuta wao wenyewe, mwaka 1980 wakafungua nyumba yao ya Bourn Hall karibu na Cambridge, na mule mamia ya watoto wakatoka. Jean Purdy, aliyetumika nao tangu mwanzo, akafa kwa kansa mwaka 1985, na miaka 39 tu. Edwards alikuwa ameandika barua kusudi jina la Jean liwekwe ku kibao cha ukumbusho pale Oldham. Wakubwa wa lopitali wakakataa.

Steptoe naye alikufa kwa kansa tarehe 21 mwezi wa 3 mwaka 1988. Zawadi ya Nobel ilikuja mwaka 2010, ikampata Edwards peke yake, sababu haipewake marehemu.

Watu walikuwa wanasema watoto wa namna ile hawatazaa. Louise akaolewa, na mwaka 2006 akazaa mutoto mwanaume. Mimba ilishika yenyewe, nyumbani.