Steven Kanumba, kijana wa Shinyanga aliyevuka mipaka

Wafanyabiashara wa zamani wa njia ya Manyovu na Mugina watakumbuka kwamba kuanzia mwaka 2006 hivi, ndani ya mizigo ya vitenge na mashuka kutoka Kigoma, diski za filamu za Dar es Salaam zilikuwa hazikosekani. Na hapa Buyenzi zilizowahi kwisha ni zile zenye picha ya marehemu Steven Kanumba kwenye kasha.

Kanumba alizaliwa Shinyanga tarehe 8 Januari 1984. Alisoma shule ya msingi Bugoyi huko huko kwao, na masomo ya sekondari yakamfikisha Jitegemee, Dar es Salaam. Mwaka 2002 alijiunga na Kaole Sanaa Group, kundi lililokuwa likionyesha michezo yake ITV, ambalo pia lilitoa akina Ray na Johari. Watanzania walianza kumfahamu katika michezo ya Jahazi na Dira.

Kwa maoni yangu, filamu iliyomtoa ni Dar to Lagos ya mwaka 2006, aliyoigiza na Mercy Johnson wa Nigeria. Wakati ule filamu za Kinigeria zilikuwa zimejaa kila kibanda cha video, na wasanii wengi wa kwetu waliziiga kwa mbali. Yeye aliwafuata wenyewe. Baadaye aliigiza na Nkiru Sylvanus, kisha na Ramsey Nouah katika Devil Kingdom, na akaanzisha kampuni yake ya filamu.

Sasa niseme kama mwalimu niliyerudi nyumbani mwaka 2004 na Kiswahili changu cha kambini. Watazamaji wengi wa Bujumbura hawakukijua Kiswahili cha Dar, hasa kile cha vijiweni. Kanumba walimwelewa. Uso wake ulikuwa unasema kabla ya mdomo: akidanganywa na mke, mtazamaji aliona shingo inalegea, akiwa tajiri mwenye majivuno, hata namna ya kushuka garini ilikuwa nyingine. Katika Uncle JJ na This Is It aliwaachia watoto nafasi kubwa, jambo ambalo nyota wengi hawalipendi. Kasoro zilikuwepo, tusifiche. Filamu zile zilitengenezwa haraka, zikakatwa sehemu ya kwanza na ya pili ili mnunuzi alipe mara mbili, na muziki ulifunika maneno. (Majina ya filamu kuwa ya Kiingereza wakati mazungumzo ni ya Kiswahili, hilo nalo sikulipenda.)

Mwaka 2009 alialikwa kuwa mgeni katika jumba la Big Brother Africa, Afrika Kusini. Aliporudi, baadhi ya watu kwao walimcheka kwa Kiingereza chake. Sisi tuliosoma ukimbizini tunalijua jambo hilo. Tulipofika hapa na Kifaransa cha kubahatisha, tuliitwa Watanzania, na wengine walinyimwa kazi walizoziweza. Kanumba hakujificha; aliendelea kufanya kazi na wageni, kwa Kiingereza hicho hicho.

Umaarufu huo haukulingana na kipato. Diski nyingi zilizouzwa mipakani zilikuwa za kunakili, na faranga zilizolipwa Buyenzi hazikumfikia aliyeigiza. Muuzaji alipata chake, mwenye kibanda akapata chake. Wenzangu wa biashara wananielewa.

Usiku wa kuamkia tarehe 7 Aprili 2012, Kanumba alifariki dunia nyumbani kwake Sinza, Dar es Salaam, akiwa na miaka 28. Madaktari walieleza kuwa ubongo ulipata mtikisiko. Msanii mwenzake, aliyekuwa naye usiku ule, alihukumiwa mwaka 2017 kifungo cha miaka miwili kwa kuua bila kukusudia. Aliagwa viwanja vya Leaders Club na kuzikwa makaburi ya Kinondoni tarehe 10 Aprili, mbele ya maelfu ya watu.

Mwishoni mwa mwaka huo huo kambi ya Mtabila ilifungwa, na maelfu ya Warundi wakarudishwa kupitia Makamba. Baadhi ya watoto wao niliwapokea darasani. Kirundi chao kilikuwa cha shida, lakini kila mmoja aliweza kuniigizia Kanumba anavyolia. Filamu yake ya mwisho, Love and Power, ilitoka akiwa tayari kaburini, na ilipofika Buyenzi vibanda vilijaa hadi nje.