Marehemu Robert Serumaga: Mtu wa Jukwaa Aliyepata Kuwa Waziri

Miongoni mwa wananchi wa Uganda waliolitumikia taifa kwa njia nyingi, jina la marehemu Robert Serumaga lastahili kujulikana na kila askari na kila polisi, ingawa sifa yake aliipatia jukwaani.

Marehemu alizaliwa mwaka 1939. Alisomea uchumi katika Chuo cha Trinity, Dublin, kisha akafanya kazi ya utangazaji mjini London, ambako aliwahoji waandishi wa Afrika, akiwemo Chinua Achebe. Aliporejea nyumbani aliunda kikundi cha michezo ya kuigiza cha Theatre Limited, na mwaka 1969 akatoa riwaya, Return to the Shadows. Alikuwa mtungaji, mwigizaji na mtayarishaji kwa pamoja.

Baada ya mapinduzi ya 1971, neno la jukwaani liliweza kumgharimu mtu maisha. Byron Kawadwa, kiongozi wa michezo katika Jumba la Taifa, aliuawa mwaka 1977. Serumaga alipunguza maneno. Kikundi chake cha Abafumi, yaani wasimulizi wa hadithi, kilisema kwa ngoma, nyimbo na viungo vya mwili, hata mpelelezi akakosa la kuandika.

Mchezo wake Renga Moi, ulioonyeshwa London mwaka 1975, watuhusu sana sisi wenye silaha. Shujaa wa Kiacholi amepata mapacha, na mila yamkataza kumwaga damu kabla matambiko hayajakwisha. Mara adui anavamia. Je, awalinde wanawe au watu wake? Akaenda vitani, aliporudi akakuta mapacha wametolewa kafara.

Tarehe 13 Aprili 1979 Profesa Yusufu Lule aliapishwa kuwa Rais, na katika serikali yake Serumaga akawa Waziri wa Biashara. Siku ya kiapo hicho Jinja, mji wa viwanda, na Mbale zilikuwa bado mikononi mwa majeshi ya Amin. Jinja ilikombolewa tarehe 22 Aprili, na Mbale ikafuata. Serikali hiyo ilidumu siku 68 tu. Serumaga alifariki Nairobi mwaka 1980, angali na umri wa miaka arobaini na kitu.

Tuwapo kwenye lindo la bwawa la Nalubaale au katika doria za Mbale, tumkumbuke Renga Moi. Kulinda watu kuna gharama, na mara nyingi gharama hiyo hulipwa na jamaa za askari nyumbani. Taifa lisisahau kuwatunza.