Haggard, Lamu na harufu ya makumbi

Mtoto wa Mji wa Kale hufundishwa kuogopa kabla hajafundishwa kusoma. Huambiwa asiingie gofuni magharibi ikiingia, asikae chini ya mbuyu, na akiitwa usiku na sauti asiyoijua asiitike. Wazee wetu waliosoma wakati wa mkoloni walikuta hofu nyingine ikiwangoja darasani, imepigwa chapa. Kulikuwa na pango lenye wafalme waliokufa, wameketi kuizunguka meza, maji ya mwamba yakiwadondokea mpaka wakageuka mawe. Na kulikuwa na Gagool, bikizee ambaye umri wake hauhesabiki, akiwaongoza wageni humo ili awafungie wafe.

Kitabu hicho ni Mashimo ya Mfalme Sulemani. Leo, msomaji, tumtazame aliyekitunga, kwa sababu mtu huyu alikuwa na njia iliyopita kwetu.

Henry Rider Haggard alizaliwa tarehe 22 Juni 1856 huko Norfolk, mashariki mwa Uingereza, mtoto wa nane kati ya kumi. Inaelezwa kwamba alipokuwa mdogo alikuwa akitishwa kwa mwanasesere wa matambara mwenye sura mbaya aliyewekwa kabatini. Mwanasesere huyo alipewa jina la bibi ambaye lazima atiiwe, na baadaye Haggard akampa sifa hiyohiyo malkia wa riwaya yake.

Babake hakumtarajia makubwa. Mwaka 1875, akiwa na miaka 19, alipelekwa Afrika Kusini kumtumikia gavana wa Natal. Miaka 2 baadaye alikuwa Pretoria wakati Waingereza walipoitwaa Transvaal, naye akashiriki kuipandisha bendera yao. Alijaribu kufuga mbuni, lakini mwaka 1881 akarudi kwao na mkewe, akaanza kusomea sheria.

Uingereza ya Malkia Victoria ilikuwa na wasomaji wengi wapya, na hadithi za damu, makaburi na mizuka zilikuwa biashara kubwa. Ndugu yake alibishana naye kwamba hawezi kuandika kitu kinachokaribia Treasure Island cha Robert Louis Stevenson, wakawekeana dau la shilingi moja. Haggard akaandika kwa muda wa wiki 6 hivi. Kampuni ya Cassell ikampa hiari: achukue pauni 100 na kitabu kiwe chao, au apate malipo ya awali madogo na fungu katika kila nakala itakayouzwa. Alikuwa karibu kuzichukua zile pauni 100, karani mmoja akamnong'oneza achague fungu. Kitabu kikatoka mwaka 1885, na fungu lile likamtajirisha.

Watunzi wengi wa mizuka waliotangulia waliiweka katika makasri na makanisa makuukuu ya Ulaya. Haggard aliipakia melini akaileta Afrika. Na sisi watu wa pwani ndipo tunapoingia.

Kakake, John Haggard, alikuwa makamu wa balozi wa Uingereza Lamu katika miaka ya 1880. Riwaya ya Allan Quatermain, iliyotoka mwaka 1887, inawashusha wasafiri wake Lamu, wanafikia kwa balozi, kisha wanapanda mto Tana kwa mitumbwi. Usiku mmoja mtu wao anauawa akiwa amelala, na mkono uliokatwa wa adui unabaki umeng'ang'ania mtumbwi. Lakini kabla ya kufika huko, Lamu yenyewe imeelezwa kuwa mji mchafu, na ufuo wake unanuka kwa sababu wanawake huzika nazi matopeni mpaka zioze, wapate nyuzi za kusukia mikeka.

Hapo ndipo ninapomshika. Habari ni ya kweli. Harufu ya makumbi nani wa pwani asiyeijua? Lakini yale makumbi ni usumba, na usumba ni kamba, na kwa kamba hizo majahazi yamefungwa na watoto wamelishwa. Yeye aliandika uvundo, kazi ya wale kina mama akaiacha iwe kichekesho cha njiani.

Mwaka huohuo wa 1887 kilitoka kitabu cha She. Malkia wake ameishi zaidi ya miaka 2,000 katikati ya makaburi ya mapangoni, na jina alilopewa ni Ayesha, jina ambalo Waislamu tunawapa binti zetu kwa mapenzi ya Bibi Aisha. Wageni wanafika pwani kwa jahazi, linavunjwa na dhoruba, na katika mabaharia anaokoka mmoja tu, Mwarabu anayeitwa Mahomed. Wala watu wa huko wanataka kumvika kichwani chungu kilichokolea moto. Mzungu anafyatua bastola amwokoe, risasi inampita aliyemshika, inamuua na Mahomed. Wenzake wanaendelea na safari. Pwani kwa Haggard ilikuwa mlango, na bawabu wa mlango hakai muda mrefu hadithini.

Lakini Mwenyezi Mungu ana hesabu yake. Allan Quatermain inaanza na mzee aliyefiwa na mwanawe wa pekee. Haggard aliyaandika hayo mwanawe mwenyewe, Jock, akiwa mzima nyumbani. Mwaka 1891 alikwenda Mexico na mkewe, na miongoni mwa yaliyomvuta ni habari za dhahabu iliyofichwa ya Waazteki. Wakiwa huko, Jock akafa kwa surua, naye ndiye mwana wao wa kiume wa pekee. Haggard hakupona jeraha hilo, na jina la mtoto likawa halitajwi nyumbani mwake. Mtu aliyewauzia maelfu hadithi za mashimo ya hazina alirudi kutoka kutafuta hazina akakuta kaburi.

Aliandika vitabu vingi vingine, akashughulikia mambo ya kilimo, akapewa cheo cha Sir mwaka 1912. Alifariki London tarehe 14 Mei 1925.

Miaka 3 baadaye, mwaka 1928, mkutano wa lugha ulifanyika hapahapa Mombasa, na Kiunguja kikachaguliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu, Kimvita kikawekwa kando. Mwaka 1929 ikatoka tafsiri ya Mashimo iliyofanywa na Frederick Johnson, aliyekuja kuwa katibu wa kwanza wa Kamati ya Lugha. Basi mtoto wa Kibokoni akasomeshwa riwaya kwa lahaja isiyo ya mamake, kutoka kwa mtu aliyeuona ufuo wetu kuwa uvundo.

Sisemi kitabu kichomwe. Kina utamu wake, na nitampa mwanangu akisome. Lakini yale ya gofuni na mbuyuni mpaka leo mengi yamo vinywani mwa mabibi zetu, na kila mwezi tunamzika mmoja. Jumamosi hii mwenye bibi na akae naye barazani, simu iwe inarekodi, amwache aseme kwa Kimvita chake. Na akianza habari za makumbi, asimkatize.