Dom Hélder Câmara: Askofu ambaye wanajeshi wa Brazil walifuta jina lake magazetini

Aprili 1964, Hélder Câmara aliwasili Recife, kaskazini mashariki mwa Brazil, akiwa Askofu Mkuu mpya wa Olinda na Recife. Siku chache tu kabla, jeshi lilikuwa limempindua Rais João Goulart.

Alikuta mashamba makubwa ya miwa mikononi mwa matajiri wachache, na vibarua waliokata miwa hiyo wakilala njaa. Alipoanza kulisema hilo hadharani, wakubwa wakambandika jina: askofu mwekundu, yaani mkomunisti.

Kumbe ujanani alikuwa upande mwingine kabisa. Miaka ya 1930, akiwa padre kijana, alijiunga na chama cha Integralista, kilichowaiga mafashisti wa Italia. Baadaye alikiri kwamba alikosea.

Kilichomgeuza zaidi kilitokea Rio de Janeiro mwaka 1955. Alikuwa askofu msaidizi pale, na alisimamia kongamano kubwa la Ekaristi likafana kwelikweli. Kadinali Gerlier kutoka Ufaransa akamwomba kipaji hicho cha kupanga mambo akitumie kwa ajili ya watu wa mitaa ya mabanda. Dom Hélder hakupoteza muda. Alianzisha mradi uliojenga maghorofa ya watu hao Leblon, palepale katikati ya wenye pesa.

Huko Recife alihama ikulu ya askofu mwaka 1968, akaenda kuishi kwenye vyumba vidogo nyuma ya kanisa la Fronteiras. Hakuwa na mlinzi. Ukigonga mlango, anafungua mwenyewe. Shingoni alivaa msalaba wa mbao.

Mwaka huohuo nyumba hiyo ilimiminiwa risasi. Yeye hakuguswa. Kumuua askofu anayejulikana dunia nzima kungeitia serikali aibu, kwa hiyo waliumizwa waliomzunguka.

Mei 1969 padre wake, Antônio Henrique Pereira Neto, aliyefanya kazi na vijana, alitekwa, akateswa na kuuawa. Alikuwa na miaka 28 tu. Dom Hélder alimzika. Hapo wengi wangenyamaza, na nani angewalaumu?

Yeye Mei 1970 alipanda jukwaani Paris, mbele ya maelfu ya watu, akaeleza wazi kwamba wafungwa wanateswa Brazil.

Adhabu ilikuwa ya ajabu. Hakukamatwa, ila vyombo vya habari vya Brazil vilikatazwa kumtaja. Magazeti yangeweza kumtukana kidogo mwanzoni, lakini baadaye hata matusi yakakoma. Kwa miaka kadhaa, nyumbani kwake alikuwa kama mtu asiyekuwepo, huku vyuo vikuu vya Ulaya na Marekani vikimwalika.

Alipendekezwa Tuzo ya Amani ya Nobel zaidi ya mara moja. Serikali ya kijeshi iliwatumia wanadiplomasia wake kumpiga vita, na hakuipata. Mwaka 1974 watu wa Norway na nchi nyingine walichanga pesa wakampa tuzo yao wenyewe ya amani.

Alistaafu 1985, mwaka uleule wanajeshi walipoachia madaraka. Askofu aliyemrithi alibomoa sehemu kubwa ya kazi yake, akiwa bado hai, anaona.

Alifariki Agosti 27, 1999, akiwa na miaka 90, kwenye vyumba vilevile nyuma ya kanisa.