Jeevanjee: Bohora aliyejenga Nairobi akabaguliwa Nairobi

Nikiwa nafundisha somo la wakfu kwa vijana wangu hapa Temeke, mmoja aliuliza kama kuna Muislamu wa Afrika Mashariki aliyewahi kutoa kiwanja kwa ajili ya watu wote, si msikiti wala madrasa. Nikamtaja Alibhai Mulla Jeevanjee. Darasa zima kimya. Wengine walidhani namsema Karimjee mwenye ukumbi pale mjini. Hapana, ukoo wa Karimjee Jivanjee wa Unguja ni wengine, ingawa wote ni Mabohora.

Najua wapo watakaokunja uso wakisikia Bohora. Wasubiri kwanza.

Jeevanjee alizaliwa Karachi mwaka 1856. Alikwenda kutafuta maisha Australia, kisha mwaka 1890 akashuka Mombasa. Hakuwa msanifu wa majengo mwenye shahada, alikuwa mkandarasi. Reli ya Uganda ilipoanza kujengwa mwaka 1896, yeye ndiye aliyekuwa akileta vibarua kutoka India na kuwapatia chakula. Reli ilipofika Nairobi mwaka 1899, pale palikuwa tope tupu. Majengo mengi ya mwanzo ya mji ule ni kazi yake, likiwemo soko la mwaka 1904.

Mwaka 1901 alianzisha gazeti mjini Mombasa, African Standard. Mwaka 1905 akaliuza kwa Wazungu. Ndugu msomaji, hapa ndipo mimi humlaumu. Gazeti lile likageuka kuwa sauti ya walowezi, likawa likiwashambulia Wahindi wenzake. Mwenye gazeti akiliuza, asishangae kalamu ikimgeukia.

Mwaka 1909 aliteuliwa kuingia Baraza la Kutunga Sheria, mtu wa kwanza asiyekuwa Mzungu kukaa humo. Walowezi walichukia. Huyu aliyewajengea ofisi hakuruhusiwa kumiliki shamba katika nyanda za juu, kwa kuwa ardhi nzuri ilitengwa kwa ajili ya weupe. Aliona kiti kile ni pambo tu, maana mtu mmoja hawezi kushindana na baraza zima. Mwaka 1910 akafunga safari hadi London kupeleka malalamiko huko huko kwa wakubwa. Mwaka 1914 akawa rais wa kwanza wa Kongresi ya Wahindi wa Afrika Mashariki.

Lakini tuseme kweli yote, kwani Qur'an inatuamrisha kusimamia uadilifu hata dhidi ya nafsi zetu. Katika safari hiyo ya London alipendekeza nchi hii iunganishwe na India. Mwafrika mwenye ardhi yake hakuulizwa. Alipigania usawa wa Mhindi na Mzungu, na mwenyeji akabaki nje ya hesabu. Wanaomsifu bila kulitaja hili wanamdhulumu Mkikuyu na Mmasai.

Alifariki Nairobi mwaka 1936.

Iliyobaki ni bustani. Aliitoa mwaka 1906 kwa watu wa Nairobi, katikati ya mji, akaweka humo sanamu ya Malkia Victoria. Siiti wakfu kwa maana ya kifiqhi, na hiyo sanamu nayo ni mtihani. Lakini sharti la wakfu tunalijua: hauuzwi, haurithiwi. Mwaka 1991 wakubwa wa Nairobi walitaka kujenga jengo la ghorofa na maegesho juu yake. Mjukuu wake, Zarina Patel, akasimama, wananchi wakamuunga mkono, mpango ukafa. Mwaka 1997 alichapisha kitabu juu ya babu yake.

Yule kijana wangu akauliza tena: kile kiwanja tulichokuwa tukichezea mpira nyuma ya shule, ambacho sasa kina fremu za maduka, kilikuwa cha nani? Nikamwambia kilikuwa cha wote. Akasema, basi hakikuwa na mjukuu.

Sanamu ya Malkia iliangushwa na watu wasiojulikana mwaka 2015. Bustani ipo.