GAVANA ALIYEMKABILI KAISARI

Kijana mwenzangu, hebu simama kidogo usome habari za Ambrose. Mwaka 374 alikuwa gavana, anakaa Milano kule Italia. Cheo anacho, mali anayo, lakini hata kubatizwa bado!

Askofu wa mji akafa. Wakristo wakagawanyika, karibu wapigane. Gavana akaenda kanisani kutuliza watu, mara umati ukamtaka yeye awe askofu! Akajaribu kukwepa, wapi. Akabatizwa, na baada ya siku chache tu akawekwa wakfu.

Nyakati zile askofu hakuwa wa kuhubiri tu. Tangu enzi za Kaisari Konstantino, maaskofu waliamua kesi, walilisha maskini, walitetea wanyonge mbele ya wakubwa. Ambrose aliyeyusha vyombo vya thamani vya kanisa akomboe mateka wa vita. Wakamlaumu, lakini kwake roho ya mtu ilipita dhahabu.

Mwaka 390 afisa wa jeshi aliuawa katika ghasia huko Thesalonike. Kwa hasira ya Kaisari Theodosius, askari wakachinja watu wengi sana wa mji ule. Nani atamwambia Kaisari? Ambrose akamwandikia barua: asipotubu, hapati Meza ya Bwana. Kaisari ana majeshi, askofu ana kalamu. Na Kaisari akavua mavazi ya kifalme, akalia kanisani mbele ya watu wote.

Ambrose alifariki mwaka 397.

Kijana, Kaisari mzima aliinama. Wewe unangoja nini? Tubu leo, mlango uko wazi!