João Cândido: Baharia Aliyezima Kiboko

Ushawahi skia story ya João Cândido? Kama bado, tulia hapo nikupe.

Jamaa alizaliwa Brazil mwaka wa 1880, mtoto wa watu waliokuwa watumwa. Utumwa ukapigwa marufuku 1888, lakini kwa jeshi la majini maofisa wazungu bado walikuwa wanachapa mabaharia, wengi wao weusi, kama punda.

Novemba 1910 baharia mmoja akahukumiwa viboko 250, wenzake wakiangalia. Hapo ndio wasee wakasema imetosha. Usiku wa tarehe 22 wakateka manowari, ikiwemo Minas Geraes, chuma mpya kabisa. Cândido akashika usukani, mizinga ikaangalia jiji la Rio de Janeiro. Dai kubwa lilikuwa moja tu: kiboko kiishe. Siku nne baadaye serikali ikakubali, ikaahidi msamaha.

Sasa skia usaliti. Kabla mwaka uishe, Cândido na wenzake 17 walikuwa wamefungiwa seli moja yenye chokaa. 16 wakafa. Yeye akatoka hai, na 1912 korti ikamwachilia, lakini kazi ya majini ndio hivyo, kwisha. Akahustle na kuuza samaki, akafa 1969 akiwa maskini.

Serikali ilimpa msamaha tena 2008, miaka 39 akiwa kaburini, bila fidia kwa familia.

Lakini kiboko hakikurudi. Baharia yeyote wa Brazil anayelala leo bila alama mgongoni, anajua deni ni la nani.